Macho mekundu ya kwenye filamu: kazi ya mpiga picha wa filamu za kutisha

Jioni, baada ya watu kutoka maduarani na kwenye makarasha, mabanda ya video ya Katoro, Nyarugusu, Kakola na Maganzo hujaa. Mabenchi ni ya mbao, jenereta linanguruma nje, na filamu ikiwa ya kutisha ukumbi mzima unanyamaza. Bibi kizee anatokea gizani. Macho yake ni mekundu kama makaa. Watoto wanajifunika nyuso, wakubwa wanacheka ili wasionekane wameogopa.

Asubuhi watoto walewale wanapita mbele ya nyumba ya bibi mwingine. Huyu si mwigizaji. Macho yake nayo ni mekundu, kwa sababu amepika kwa kinyesi cha ng'ombe na mabua kwa miaka arobaini.

Katika makala haya tunaeleza kazi ya mtu aliyeyatengeneza yale macho ya kwanza, yaani mpiga picha wa filamu. Tutaona anavyofanya kazi kwa fedha kidogo, maisha ya baadhi ya watu walioifanya kazi hiyo, na kwa nini sisi wa Shinyanga na Geita tuna sababu ya pekee ya kuijua.

Mpiga picha wa filamu ni nani?

Wengi wetu tukitaja filamu tunamtaja mwigizaji. Wachache wanamjua mwongozaji, ambaye ndiye anayesema nani afanye nini na lini. Mpiga picha ndiye anayeamua jicho letu litaona nini. Anachagua kamera isimame wapi, iwe karibu au mbali, itazame kutoka juu au kutoka chini. Anaamua pia taa iwekwe upande gani, na sehemu gani ibaki kwenye giza.

Katika filamu zenye fedha nyingi mpiga picha ana wasaidizi wengi: wa taa, wa kusukuma kamera, wa kulenga lenzi. Katika filamu za bei ndogo mtu mmoja hufanya yote. Mara nyingi ndiye pia anayekaa kwenye kompyuta usiku kuunganisha picha.

Kwa Tanzania, wengi wa wapiga picha hawa walianzia kwenye harusi, ubarikio, ngoma na misiba. Harusi ni shule nzuri. Bibi harusi haingii kanisani mara mbili kwa sababu kamera haikuwa tayari. Anayejifunza pale hujifunza kuwa tayari wakati wote, kuhesabu betri zake, na kufanya kazi na mwanga uliopo.

Hofu inatengenezwaje?

Filamu za kutisha na zile za mambo ya sayansi ya kubuni zinapendwa na wasio na fedha kwa sababu moja kubwa: giza ni bure. Kitu kisichoonekana vizuri hutisha kuliko kinachoonekana, na kisichoonekana hakina gharama ya kukitengeneza. Hizi ndizo mbinu zinazotumika zaidi.

Ya kwanza ni mwanga wa kutoka chini. Tangu tuzaliwe tumezoea kuwaona watu wakimulikwa na jua au taa iliyo juu. Weka kurunzi chini ya kidevu cha mtu usiku, utaona mashimo ya macho na pua yanageuka. Ni mtu yuleyule, lakini akili inakataa kumtambua.

Ya pili ni usiku wa mchana. Kupiga picha usiku kunataka taa kubwa na jenereta, na hizo ni gharama. Kwa hiyo mpiga picha anapiga mchana wa jua kali, anapunguza mwanga unaoingia kwenye kamera, kisha anatia rangi ya bluu. Mtazamaji anaona mbalamwezi. Ukitaka kumkamata, tazama vivuli vya watu. Vikiwa vifupi, vyeusi na vyenye kingo kali, hilo ni jua la saa sita.

Ya tatu ni kutoweka. Kamera inawekwa juu ya miguu mitatu isitikisike. Mwigizaji anasimama, kamera inazimwa, mwigizaji anaondoka, kamera inawashwa tena. Kwenye filamu mtu ametoweka kama moshi. Mbinu hii ni ya zamani sana: Mfaransa Georges Méliès aliitumia mwaka 1896 katika filamu fupi ambamo mwanamke anafunikwa kitambaa, anatoweka, na mahali pake panabaki mifupa. Kila jini anayepotea ghafla kwenye filamu zetu ni mjukuu wa mbinu hiyo.

Ya nne ni kupishanisha picha mbili. Unapiga picha ya ukuta mtupu, kisha unapiga ukuta uleule mtu akiwa mbele yake. Kwenye kompyuta unaziweka moja juu ya nyingine na kuififisha ile yenye mtu. Sasa mtu anaonekana kama kivuli kinachopitisha mwanga, na watazamaji wanasema mzimu umetoka ukutani. Kitambaa cha kijani hufanya kazi inayofanana na hiyo: kompyuta inaambiwa ifute kila kilicho kijani, na mahali pake panawekwa moto, mawingu au helikopta.

Ya tano ni macho yenyewe. Macho mekundu ya kwenye filamu hupatikana kwa njia mbili. Mwigizaji huvaa vioo vyembamba vya rangi juu ya mboni, au mtu wa kompyuta huyapaka rangi baadaye. Hakuna njia ya tatu inayohitaji mganga.

Tuongeze jambo moja ambalo wengi wamewahi kuliona. Picha iliyopigwa usiku kwa taa ya kamera huweza kuonyesha macho mekundu kwa mtu yeyote, hata mtoto mchanga. Gizani tundu la jicho hufunguka sana. Mwanga mkali unaingia, unagonga sehemu ya nyuma ya jicho penye mishipa mingi ya damu, na unarudi kwenye kamera ukiwa na wekundu huo. Macho ya fisi, paka na ng'ombe hung'aa ukiwamulika kurunzi kwa sababu nyuma ya jicho lao kuna tabaka linalorudisha mwanga kama kioo. Ni maumbile yao, yanawasaidia kuona usiku.

Filamu za kutisha za kwetu

Filamu za video za Tanzania, tunazoziita Bongo Movie, zilishika kasi mwanzoni mwa miaka ya 2000. Kamera za video zilikuwa zimeshuka bei, kompyuta zilikuwa zimeanza kutumika kuunganisha picha, na filamu za Nigeria zilikuwa zimeonyesha kwamba mtu anaweza kuuza filamu bila kuwa na jumba la sinema. Wasambazaji wa Kariakoo walinunua filamu, wakazitoa kwenye kanda na baadaye kwenye CD, na mabasi yakazileta hadi Kahama na Geita.

Mkoa wa Shinyanga una jina lake katika historia hiyo. Steven Kanumba, aliyekuwa nyota mkubwa kuliko wote wa Bongo Movie mpaka alipofariki tarehe 7 Aprili 2012, alizaliwa Shinyanga mwaka 1984.

Filamu za kutisha zilikuja mapema. Mwongozaji Mussa Banzi alitoa Nsyuka na Shumileta, na watu waliozitazama wakiwa watoto bado wanazikumbuka. Hazikuiga tu filamu za wanyonya damu za Ulaya. Zilichukua majini, makaburi, waganga na mizimu, vitu ambavyo mtazamaji alikuwa amevisikia kwa bibi yake jioni, zikavipa sura.

Ugumu wa mpiga picha wa filamu za namna hii uko hapo hapo. Ulaya anayetazama filamu ya mnyonya damu anajua ni hadithi ya kale. Kwetu mtazamaji anaweza kuwa na jirani anayetuhumiwa uchawi. Mpiga picha anadhani ameonyesha hadithi, mtazamaji anadhani ameonyeshwa ushahidi.

Isaac Nabwana wa Wakaliga

Mfano ulio wazi zaidi Afrika Mashariki wa mtu aliyejenga maisha kwenye filamu za bei ndogo ni Isaac Nabwana wa Uganda. Filamu zake ni za mapigano zaidi kuliko za kutisha, lakini damu, milipuko na maajabu ya kompyuta yamo tele, na namna anavyofanya kazi ni ileile.

Nabwana anaishi Wakaliga, mtaa wa watu wa kipato cha chini jijini Kampala. Wasikilizaji wa redio mtafurahi kujua alivyoanza. Utotoni hakuwa akienda sinema. Kaka yake ndiye aliyekwenda, kisha akirudi nyumbani anasimulia: nani kampiga nani, gari limelipukaje. Isaac akazijenga filamu hizo kichwani kwa kusikia. Alipokuja kushika kamera tayari alikuwa na filamu nyingi alizowahi kuziona kwa masikio tu.

Alifyatua matofali ili apate fedha. Alisoma ufundi wa kompyuta kwa muda mfupi, akawa anaunga kompyuta kwa vipande vya kompyuta mbovu. Mwaka 2005 alianzisha kampuni yake, Ramon Film Productions, jina alilolipata kwa kuunganisha majina ya bibi zake wawili, Rachael na Monica. Anaandika, anaongoza, anashika kamera na kuunganisha picha yeye mwenyewe.

Filamu yake Who Killed Captain Alex? ya mwaka 2010 ndiyo iliyompa jina duniani. Inaelezwa kwamba bajeti yake haikufika dola 200 za Marekani. Fundi wa mtaani, Dauda Bisaso, alitengeneza bunduki za bandia na mkono wa kuinulia kamera kwa vyuma chakavu. Helikopta zinazoonekana zikishambulia mji ni za kompyuta. Damu mwanzoni ilikuwa ya ng'ombe, mpaka mwigizaji alipougua, wakahamia kwenye rangi ya chakula. Wanaijaza kwenye kondomu na kuifunga kifuani chini ya shati. Uzi ukivutwa, inapasuka kama jeraha la risasi.

Kuna fundisho jingine katika filamu hiyo. Kompyuta ilipojaa, kazi ya zamani ilibidi ifutwe ili kazi mpya ipate nafasi. Nakala ya awali ya filamu ikapotea. Iliyobaki ni ile yenye sauti ya VJ Emmie, mtangazaji anayesimulia na kutania juu ya picha. Dunia nzima imeitazama filamu hiyo kwa sauti yake, na wengi wanasema ndiyo raha yake. Sisi huku hatukushangaa, maana tulikuwa na Lufufu, na Kenya wana DJ Afro. Banda la video bila mtafsiri ni kama ngoma bila mwimbaji.

Mapato yake ni somo kwa kila anayedhani filamu ni utajiri wa haraka. Waigizaji wa Wakaliga huuza nakala wenyewe nyumba kwa nyumba na kugawana mapato na kampuni. Lazima waharakishe, kwa sababu baada ya wiki moja hivi nakala za wizi zinakuwa zimejaa mjini. Hata hivyo kazi imesonga mbele. Bad Black ilionyeshwa mwaka 2016 kwenye tamasha la filamu Marekani, na Crazy World ikaonyeshwa Toronto, Kanada, mwaka 2019.

Floyd Crosby: kutoka tuzo kubwa hadi ghala linaloungua

Ili tusidhani umaskini wa vifaa ni wa Afrika peke yake, tumtazame Mmarekani Floyd Crosby, aliyezaliwa mwaka 1899 na kufariki mwaka 1985.

Crosby alianza kwa kupiga picha katika safari za wanasayansi. Kisha alichukuliwa na mwongozaji Mjerumani F. W. Murnau kupiga filamu ya Tabu katika visiwa vya bahari ya Pasifiki. Murnau ndiye aliyetengeneza Nosferatu mwaka 1922, filamu ya mnyonya damu ambayo kivuli chake kinachopanda ngazi bado kinaigwa mpaka leo. Kwa kazi ya Tabu, Crosby alipata tuzo ya Oscar ya upigaji picha. Mwaka 1952 alipiga High Noon, filamu maarufu ya wapanda farasi.

Mtu wa namna hiyo tungetegemea amalizie maisha kwenye filamu kubwa. Badala yake, kuanzia mwaka 1954 alifanya kazi mara nyingi na Roger Corman, mtayarishaji aliyejulikana kwa kubana matumizi na kupiga filamu kwa siku chache. Crosby akapiga filamu ya dubwana la baharini, filamu ya kaa wakubwa wanaokula watu, na filamu ya vita vya setilaiti.

Mwaka 1960 walipiga House of Usher kwa siku 15. Hadithi ilitaka nyumba iliyosimama katika nchi iliyokufa. Hawakuwa na fedha za kujenga nchi hiyo. Moto wa msitu ulipounguza vilima karibu na Hollywood, Corman aliwakimbiza watu wake huko na kamera, wakapiga miti iliyoungua na majivu. Walipohitaji nyumba inayoteketea, walilipia ghala bovu lililokuwa libomolewe, wakalichoma usiku. Picha za moto ule zikatumika tena katika filamu nyingine zilizofuata, watazamaji bila kujua.

Mwaka 1963 Crosby alipiga filamu ya sayansi ya kubuni inayoitwa X, kuhusu daktari anayejitia dawa ya macho ili aone yaliyo ndani ya miili ya watu. Macho yake yanabadilika rangi kadiri anavyozidi kuona, mpaka watu wanamkimbia. Hata huko Marekani, kwenye filamu jicho lenye rangi isiyo ya kawaida ni alama ya mtu wa kuogopwa. Rangi ile ilikuwa kioo tu, na mwigizaji alikivua jioni akaenda kula.

Sayansi ya kubuni na ukame wa kwetu

Filamu za sayansi ya kubuni huonyesha mambo ambayo hayajatokea lakini yanaweza kufikirika. Afrika Mashariki mfano unaojulikana zaidi ni Pumzi ya mwongozaji Mkenya Wanuri Kahiu, ya mwaka 2009. Ina urefu wa dakika 21 hivi. Inaonyesha dunia baada ya vita vya kugombea maji, ambapo watu wanaishi ndani ya jengo lililofungwa na kila tone la jasho hukusanywa linywewe tena. Msichana Asha anapata udongo wenye unyevu, anapanda mbegu, kisha anatoroka kwenda jangwani kuutafutia mche mahali pa kuishi. Filamu hiyo ilipigwa Afrika Kusini na kuonyeshwa kwenye tamasha la Sundance, Marekani, mwaka 2010.

Mtu wa Shinyanga akiitazama hahitaji kuelezwa sana. Ardhi yetu iliwahi kukaribia kuwa jangwa kwa ukataji miti na mifugo mingi, hata mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI, ukaanzishwa mwaka 1986 kurudisha miti na ngitili. Hadithi ya kutisha kwetu inaweza kuwa juu ya lambo lililokauka. Haihitaji bibi kizee hata mmoja.

Kwa nini jambo hili linatuhusu sisi

Sasa turudi kwa yule bibi wa asubuhi.

Katika Usukuma, macho mekundu yamehesabiwa kwa miaka mingi kuwa dalili ya uchawi, na wanawake wazee wameuawa kwa mapanga kwa sababu hiyo. Chanzo cha wekundu huo kinajulikana. Ni moshi wa jikoni, hasa pale ambapo kuni zimekwisha na watu wanapikia kinyesi cha ng'ombe, mabua na miti ya pamba. Ni vumbi, ni magonjwa ya macho kama trakoma, ni uzee. Mwanamke ndiye anayekaa jikoni, kwa hiyo ni macho yake yanayoumia.

Mchumi Edward Miguel alichunguza mauaji hayo wilayani Meatu, wakati huo ikiwa mkoa wa Shinyanga, na kuchapisha matokeo mwaka 2005. Aligundua kwamba katika miaka ya ukame au mafuriko mauaji ya wanaoitwa wachawi yaliongezeka karibu mara mbili. Waliouawa walikuwa wengi wanawake wazee, na mara nyingi wauaji walikuwa ndugu zao wenyewe. Yaani mwaka wa njaa ndio mwaka ambao bibi anaonekana mchawi. Macho yake yalikuwa mekundu pia mwaka wa mavuno, ila hakuna aliyeyatazama.

Kwa watu wenye ualbino hali ilikuwa mbaya zaidi kuanzia mwaka 2007, pale uvumi ulipoenea kwamba viungo vyao vinaleta utajiri katika uchimbaji wa dhahabu na uvuvi. Mwaka 2009 Mahakama Kuu iliyoketi Kahama iliwahukumu adhabu ya kifo watu watatu kwa kumuua mvulana mwenye ualbino kutoka Bukombe. Januari 2015 serikali ilipiga marufuku waganga wapiga ramli. Tunasema wazi kwa wachimbaji wadogo wanaotusoma: dhahabu imo ndani ya mwamba tangu kabla binadamu hajakuwepo. Haisogei kwa kiungo cha mtu. Mwenye kukuambia hivyo anakuuzia kifungo.

Sheria ya Uchawi ipo tangu mwaka 1928, na chini yake kumtangaza mtu kuwa mchawi ni kosa.

Je, filamu ndizo zilizoleta mauaji? Hapana. Wazee waliuawa kabla banda la kwanza la video halijafunguliwa Kahama. Lakini filamu zinaweza kukikoleza kilichopo. Mpiga picha anapomtia bibi kizee macho mekundu kwa sababu ndiyo alama ya haraka ya kutisha, anachukua imani iliyokwisha kuua watu na kuipa sura nzuri, muziki na rangi. Mtoto wa miaka saba aliyeitazama hataambiwa na mtu kwamba kile ni kioo cha rangi.

Wapo waliogeuza kamera upande wa pili

Kamera ileile inaweza kufanya kazi ya kinyume. Mwaka 2013 filamu White Shadow, iliyopigwa Tanzania, ilipata tuzo ya filamu ya kwanza ya mwongozaji katika tamasha la Venice, Italia. Mwongozaji wake, Noaz Deshe, anamfuata kijana mwenye ualbino ambaye baba yake ameuawa. Inatisha sana. Lakini anayetisha si mwenye ngozi tofauti. Anayetisha ni mnunuzi, ni jirani mwenye panga, ni giza wanamojificha wawindaji. Mtazamaji anakaa ndani ya hofu ya anayewindwa.

Mwaka 2012 ilitoka filamu ya ukweli In the Shadow of the Sun ya Harry Freeland, inayomfuata mwanaharakati Josephat Torner akizunguka kanda ya ziwa kuzungumza na wanavijiji, hata pale ambapo watu kama yeye waliuawa.

Kwa mpiga picha, somo la kazi hizi ni rahisi kulieleza ingawa ni gumu kulitenda. Swali la kwanza katika kila picha ya kutisha ni kamera imesimama upande wa nani. Ikisimama na umati, bibi anakuwa dubwana. Ikisimama na bibi ndani ya nyumba, akisikia miguu ya watu nje, umati ndio unaokuwa dubwana. Nyumba ni ileile, taa ni ileile, gharama ni ileile.

Kwa anayetaka kuanza

Vijana wengi hutuuliza kama kazi hii inawezekana kwa mtu asiye na kamera kubwa. Inawezekana kuanza. Simu za leo zina picha bora kuliko kamera nyingi zilizopiga filamu za video za mwanzo. Haya ndiyo tunayoweza kushauri.

Anza na mwanga kabla ya kununua kitu chochote. Mkalishe mwenzako karibu na mlango asubuhi, mpige, kisha umzungushe kidogo kidogo uone uso unavyobadilika. Mbao nyeupe, shuka au bati jipya vinaweza kurudisha mwanga wa jua kwenye uso bila umeme wowote.

Shikilia simu isitikisike. Ifunge kwenye mti au kigoda. Picha inayotikisika bila sababu huchosha macho.

Sikiliza kabla ya kupiga. Watazamaji huvumilia picha mbaya kuliko sauti mbaya. Zima jenereta, sogea mbali na karasha, mweke mzungumzaji karibu.

Weka nakala mbili za kazi yako, moja nje ya simu. Kumbuka yaliyowapata Wakaliga.

Fahamu sheria. Filamu nchini Tanzania husimamiwa na Bodi ya Filamu chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976. Kabla ya kuonyesha au kuuza filamu kwa umma, ulizia Ofisi ya Utamaduni ya wilaya yako taratibu za kibali na daraja la umri.

Mwisho, omba ruhusa ya unayempiga, na umweleze utafanya nini na picha yake. Usimpige bibi wa kijijini kwa siri ukaja kumtia rangi kwenye kompyuta. Wewe utahamia filamu nyingine, yeye atabaki na majirani walewale.

Kwa wenye mabanda na wazazi

Mwenye banda ana nafasi kubwa kuliko anavyodhani. Filamu ya kutisha ikiisha, dakika mbili za kueleza kwamba damu ile ni rangi na macho yale ni vioo hazipunguzi wateja. Watoto wadogo wasiingizwe usiku kwenye filamu zisizo zao.

Mzazi mwenye simu anaweza kufanya jaribio hili nyumbani leo. Usiku, zima taa, mpige mtoto picha kwa taa ya simu mpaka macho yake yatoke na wekundu, kisha mwonyeshe. Mwambie: haya ni macho yako wewe. Halafu mpeleke akamsalimie bibi jirani, amsaidie kuchota maji, na kama kuna uwezo, mtafutieni jiko lisilotoa moshi mwingi na mmpeleke zahanati akatazamwe macho.